Je, Wajua? Kimakonde kilichapwa Unguja mwaka 1876

Kijitabu cha sarufi na msamiati wa lugha hiyo kilitungwa na Edward Steere, mwanasheria wa London aliyegeuka padri, kisha askofu wa Zanzibar. Katika kiwanda cha chapa cha misheni yake walifanya kazi vijana waliokombolewa kwenye majahazi ya watumwa. Waliokota herufi za risasi moja moja, wakazipanga kinyumenyume ili karatasi isomeke sawa.

Wengi humjua Steere kwa Kiswahili tu, kwa sababu ya sarufi na hadithi alizotoa mwaka 1870. Huko ni kumpunja. Mwaka 1871 alikwisha kutoa kijitabu cha Kiyao. Miaka mitano baadaye aliongoza watu walioachwa huru kutoka Unguja. Wakashuka Lindi, wakakanyaga njia ya bara. Walikuwa wakienda kwa Mataka, chifu wa Wayao, ng'ambo ya mto Ruvuma, lakini waliishia Masasi.

Utasema pwani ilijua kuandika kabla yake. Kweli, na kwa karne nyingi, kwa herufi za Kiarabu. Steere hakuleta kalamu. Utasema pia alitaka waumini, si wasomi. Alitaka waumini, naam. Ila angeweza kuwafundisha kwa Kiingereza, akajipunguzia kazi. Badala yake aliketi na wenyeji, akauliza, akaandika. Alifariki Zanzibar mwaka 1882, akazikwa katika kanisa la Mkunazini, palipokuwa soko la watumwa.