"Simba": Filamu Bubu na Kambi ya Kaskazini mwa Isiolo

"Simba" ni filamu bubu ya Kimarekani iliyotoka mwaka 1928. Walioitengeneza ni mume na mke, Martin na Osa Johnson, waliopiga kambi kaskazini mwa Kenya kati ya 1924 na 1927. Miongoni mwa waliowafadhili alikuwa George Eastman, mwanzilishi wa kampuni ya Kodak.

Njiani walipitia Isiolo. Siku hizo ilikuwa kituo cha serikali cha karantini ya mifugo, na baada yake starehe ziliisha. Msafara ulivuka mto Ewaso Nyiro, ukapita jangwa la Kaisut hadi mlima Marsabit. Huko, kando ya ziwa lililo ndani ya shimo la volkeno, wakajenga nyumba, wakalima bustani ya mboga na kuweka maabara ya kusafishia filamu. Ziwa wakaliita Paradise, ingawa wenyeji Waborana walikuwa na jina lao, Gof Sokorte Guda.

Kamera ya wakati ule ilizungushwa kwa mkono. Mpiga picha akiachia mpini, picha imekatika. Akiendelea kuuzungusha, hana mkono wa kushika bunduki. Kwa hiyo Martin alizungusha, na Osa akasimama ubavuni mwake na bunduki tayari, faru au tembo akija mbio. Kwa picha za mnato za usiku walitega mzoga wa punda milia uliounganishwa na waya: simba akivuta nyama, mwanga unamulika na picha inapigwa.

Hadithi ya filamu, kwa kweli, imeungwaungwa. Vipande vilivyopigwa mahali na nyakati tofauti vilishonwa vionekane kisa kimoja, na maandishi yaliyowekwa kati ya picha yanawafanyia mzaha Waafrika. Hao ndio waliobeba mizigo na kuonyesha njia. Boculy, fundi wa kufuata nyayo za tembo, anasifiwa sana katika vitabu vya akina Johnson, na bila watu kama yeye hakungekuwa na filamu. Kilichobaki na thamani ni wanyama wenyewe, wanaokunywa maji bila kujua wanatazamwa.

Martin alifariki mwaka 1937 baada ya ajali ya ndege California, Osa mwaka 1953. Ziwa Paradise limo ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Marsabit, na siku hizi barabara ya kutoka Isiolo hadi Marsabit ni ya lami.