BEGA LINAUMA MBELE, TUANGALIE NYUMA



Watu wengi wanafika katika dispansere wakishika bega lao upande wa mbele na kusema: «Munganga, ni hapa tu panauma, unipige sindano.» Tunawasikia. Lakini mbele ya kuandika dawa yoyote tunawaomba kwanza kuvua shati na kugeuka. Wengine wanashangaa: mutu anaonyesha mbele, na munganga anaangalia mugongo! Juu ya hii, mwezi huu tunaandika habari ya kombe la bega, ni kusema ule mufupa mupana wa mugongoni ambao kwa Kifaransa unaitwa omoplati. Mara nyingi maumivu ya mbele yanaanzia kule nyuma.

Jaribu sasa hivi na mwenzako. Yeye aweke kiganja chake juu ya kombe lako, karibu na ncha ya chini. Wewe inua mukono pole pole kwa upande, mpaka vidole viangalie juu. Mwenzako atasikia kombe linateleza na kuzunguka, ncha ya chini inakimbilia upande wa kwapa. Kuinua mukono mpaka juu kabisa ni mwendo wa digri 180 karibu. Katika hizo, karibu 120 zinatoka kwenye kiungo cha bega chenyewe, na karibu 60 zinatoka kwenye kombe. Basi sehemu moja juu ya tatu ya kazi ile inafanywa na mufupa ambao wewe hujapata kuufikiri hata siku moja.

Kombe ni mufupa wa pembe tatu, mwembamba kama sahani, uliolala juu ya mbavu, tangu ubavu wa 2 mpaka wa 7. Haukufungwa na mbavu kwa kiungo. Mufupa moja tu unaulishikilia na kifua: ule mufupa mwembamba wa shingoni, mutulinga, na wenyewe si munene kuliko kidole. Kitu kingine chote chenye kulishika ni misuli, na misuli yenye kushikamana na kombe moja ni 17. Mufikiri nguzo ya umeme yenye kufungwa na kamba za chuma kila upande. Kamba moja ikilegea, ao moja ikikazwa kupita kipimo, nguzo inalala.

Hatutataja misuli yote 17, sababu hata sisi katika masomo ilitutoa jasho. Mushike hii tu.

Wa kwanza tunauita musuli wa meno, sababu unaanza juu ya mbavu za pembeni na meno meno kama musumeno, unapita chini ya kombe, na kufunga kwenye ukingo wake wa ndani. Ndio unaosukuma kombe kwenda mbele na kulizungusha. Unaposukuma toroli yenye kujaa mawe, ni wenyewe. Wa pili ni trapezi, ule mukubwa wa mugongoni wenye kutoka kwenye kichwa na shingo mpaka katikati ya mugongo. Sehemu yake ya juu inavuta bega juu, ile ya chini inavuta kombe chini, na zikivuta pamoja kombe linazunguka vizuri. Kisha kuna misuli ya katikati ya makombe mawili, yenye kuyarudisha karibu na uti wa mugongo. Na mbele, chini ya kifua, kuna musuli mudogo wenye kuvuta kombe mbele na chini. Huu ni mudogo lakini musumbufu: ukizoea kukaa umejikunja, kama dereva wa kamyo ao karani, unakuwa mufupi, na bega linabaki limeanguka mbele.

Ndani zaidi kuna misuli mine midogo, yenye kutoka kwenye kombe lenyewe na kuzunguka kichwa cha mufupa wa mukono. Kazi yake ni kushika kichwa kile mahali pake. Mahali pale ni kisahani tu, si shimo lenye kina kama lile la kiungo cha paja. Ni kama limau lililowekwa juu ya kisahani cha kahawa. Ukitaka limau lisianguke unapotembea, kisahani kinapashwa kugeuka pamoja nalo. Kisahani ni kombe.

Sasa tufike kwenye ugonjwa. Juu ya kiungo cha bega kuna kipande cha kombe chenye kutokeza kama paa. Kati ya paa ile na kichwa cha mufupa wa mukono kuna nafasi ndogo, karibu santimetri moja, na katika nafasi ile inapita kano, ni kusema kamba yenye kufunga musuli kwenye mufupa. Ninyi wenye kufanya kazi chini ya udongo munajua galari yenye paa la chini: mutu asipoinama, kofia inagonga. Ndivyo ilivyo kwa kano. Mukono ukiinuka na kombe lisipozunguka vizuri, paa halipishi, na kano inasuguliwa. Leo inasuguliwa, kesho inasuguliwa, kisha inavimba, na nafasi inazidi kuwa ndogo. Ndiyo sababu mugonjwa anasema: «Mukono ukiwa chini, hakuna neno. Nikifika katikati, panachoma. Nikipita pale, panatulia.» Mwendo ule wenye kuchoma ni kati ya digri 60 na 120 karibu. Ukijikuta katika maneno haya, usingoje.

Kazi gani inaleta hii? Ni kila kazi ya mikono juu ya kichwa, na kazi ya kurudiarudia na nguvu. Mutu wa umeme anayevuta kabulo kwenye dari, sudere anayeunganisha bomba juu, wenye kufunga buloni kwenye paa la galari. Mukono wa mutu wa kilo 70, bila kushika kitu, una uzito wa kilo 3 na nusu karibu. Ongeza chombo, ongeza mutikiso wa mashini ya kutoboa, ongeza saa nane. Na tusisahau mama wa nyumba mwenye kutwanga sombe kila mangaribi, kisha kubeba beseni ya maji: yeye hana posti, na hana konje.

Lakini kazi ambayo inatutia woga kuliko zote ni ile ya baramini, kuangusha mawe yenye kulegea kwenye paa kisha kulipusha mwamba. Hapa tuseme wazi. Watumishi wengi wanaficha maumivu ya bega. Wanaogopa kuondolewa chini, kuwekwa juu kwenye kazi nyepesi na kupoteza primu. Tunaelewa, watoto wanapashwa kula na kusoma. Lakini mutu ambaye mukono wake unachoma katikati ya mwendo, siku moja utamuachilia katikati ya mwendo. Baramini itashuka wakati asiotaka, ao atapiga jiwe bila nguvu, halafu atasema kwamba paa ni zima kumbe halijajaribiwa. Na chini ya paa lile kuna mwenzake anangoja kuingia. Kapita mwenye akili, akimuona mutu anabadilisha mukono kila mara ao anainua bega lote mpaka sikioni ili baramini ifike juu, amutume dispansere siku ileile. Kule kuinua bega mpaka sikioni ni alama: trapezi ya juu inafanya kazi yote peke yake, sababu wengine wamelala.

Sasa mazoezi. Hayaombi mashini wala feza. Yanaomba dakika kumi, na uvumilivu wa majuma sita mpaka kumi na mbili. Wengi wanaacha juma la pili, wanasema dawa haina nguvu.

Kama bega linauma sana, anza na lile la kuninginiza. Munganga Codman wa Boston, katika Marekani, aliyeandika mwaka wa 1934 kitabu kizima juu ya bega, ndiye anayekumbukwa kwa zoezi hili. Weka mukono muzima juu ya meza, inama, acha mukono mugonjwa uninginie chini kama kamba. Usiutumikishe: tikisa mwili kidogo, mukono utazunguka wenyewe, duara ndogo, dakika moja ao mbili, mara tatu kwa siku.

Maumivu yakipungua, nenda kwenye ukuta. Simama ukiuangalia, vidole vipande pole pole kama buibui mpaka pale unapoweza. Weka alama ya chaki. Kesho tafuta kufika alama ile, kesho kutwa kuipita kidogo. Wenye nyumba za kampuni wasitukasirikie kwa chaki, inafutika.

Zoezi la musuli wa meno ndilo tunalipenda kuliko yote, na ndilo watu wanafanya vibaya kuliko yote. Weka viganja viwili juu ya ukuta, kwenye kimo cha mabega, mikono imenyooka. Usikunje viwiko hata kidogo. Acha kifua kianguke kuelekea ukuta mpaka makombe yakaribiane mugongoni, kisha sukuma ukuta mpaka makombe yaachane na mugongo uwe muviringo. Mwendo wote ni santimetri chache. Fanya mara kumi, pumzika, mara kumi tena. Mutu akiona jasho limekutoka kwa kusukuma ukuta usiosogea, mwache acheke.

Wakati wa zoezi hili mwambie bibi yako ao mwana wako aangalie mugongo wako bila shati. Makombe yote mawili yanapashwa kulala juu ya mbavu. Kama moja linasimama kama bawa la kuku, njoo kutuona. Pengine mushipa wa fahamu wenye kuamuru musuli wa meno umeumia. Unapita pembeni ya kifua, karibu na ngozi, na muzigo muzito wenye kubebwa begani muda murefu unaweza kuuumiza, ao kipigo. Mara nyingi unapona wenyewe, lakini kwa miezi mingi, na wakati ule haufai kubeba muzigo begani.

Kwa misuli ya katikati ya mugongo, tafuta mupira wa ndani wa kinga wenye kuchakaa, ukate, ufunge kwenye muti kwenye kimo cha tumbo. Vuta kwa mikono miwili, viwiko vikienda nyuma karibu na mbavu, bana makombe kama unashika kalamu katikati yake, hesabu mpaka tano, achilia pole pole. Mabega yasipande masikioni. Na kwa ule musuli mudogo wa mbele, simama kwenye mulango, weka mikono kwenye mbao za pande mbili, toa hatua moja mbele mpaka kifua kivutike. Nusu dakika, mara tatu. Madereva na makarani wafanye hili tu, litawatosha kwa kuanza.

Kuvutika si kuumia. Maumivu madogo yenye kwisha mbele ya kulala yanakubaliwa. Yakikuamsha usiku, umepita kipimo, rudi nyuma hatua moja.

Kwenye kazi yenyewe, njia ya kwanza ni kupunguza kuinua. Panda juu ya jukwaa lenye kusimama imara, ili mikono ifanye kazi chini ya mabega. Baramini ichaguliwe kwa urefu unaofaa kimo cha paa: ikiwa fupi, unasimama chini ya jiwe lenyewe na mikono juu ya kichwa, mabaya mawili kwa mara moja. Simama chini ya paa ambalo limekwisha kusafishwa, shika chombo kikielekea mbele yako, si wima juu ya kichwa, muguu moja mbele, na mubadilishane na mwenzako mbele ya mikono kuchoka.

Maneno machache juu ya dawa. Vidonge vya maumivu vinavyouzwa sokoni, vikimezwa miezi na miezi, vinatoboa tumbo na kuharibu figo. Kuvutwa mukono kwa nguvu na mutu wa kijijini kunaweza kukata kano ambayo ilikuwa imechakaa tu. Na kufunga mukono shingoni majuma mengi bila ruhusa ya munganga kunaweza kulikaza bega. Kuna bega lenye kukaza lenyewe, hasa kati ya miaka 40 na 60, na zaidi kwa watu wenye ugonjwa wa sukari. Linaweza kuchukua mwaka moja mpaka mitatu. Ukiona huwezi kufikisha mukono mugongoni kwa kuvaa mukaba, tutakupima na sukari pia.

Kuna maumivu ya bega ambayo si ya bega. Bega la kushoto likiuma pamoja na kifua kubana, jasho baridi na pumzi fupi, hiyo inaweza kuwa moyo: lopitali mara moja, usiku ao mchana, hakuna zoezi. Bega likiwa la moto na mwili una homa, ao mukono umekufa ganzi, ao baada ya kuanguka huwezi kuuinua kabisa, usingoje juma tatu.

Mukija, muvae shati lenye kufunguka mbele. Shati la kuvalia kichwani litakusumbua kulivua na bega lile, na sisi tunataka kuona mugongo wote.