Je, Wajua? Nyumba Moja Hulipwa kwa Bei ya Nyumba Tatu

Mkopo wa nyumba wa shilingi milioni 50, kwa riba ya asilimia 15 kwa mwaka inayotozwa kwenye salio, ukilipwa kwa miaka 20 hufikia takriban milioni 158, bado bima na ada ya uthamini. Rejesho la kila mwezi ni kama 658,400, lakini la kwanza karibu lote humezwa na riba: 625,000, deni likipungua kwa 33,400 tu. Wapo wanaosema mfumuko wa bei huipunguzia shilingi thamani, hivyo deni hujilainisha lenyewe. Ni kweli, ila kwa yule ambaye mshahara wake nao unapanda. Cha uhakika zaidi ni muda: ongeza takriban 41,400 kila mwezi, deni litakwisha kwa miaka 15 na jumla itashuka hadi milioni 126.