DAP: HERUFI TATU KWENYE MFUKO WA MBOLEA



Msimu wa kupanda ukikaribia, maduka ya pembejeo hujaa watu. Mifuko ya mbolea imepangwa ukutani. Mmoja umeandikwa DAP. Mwingine umeandikwa UREA. Mwingine umeandikwa CAN. Mkulima anafika na kusema, "Nipe mbolea." Basi anapewa mfuko, analipa, anaondoka.

Je, amepewa mbolea gani? Wengi hawaulizi. Wengine hutazama rangi ya punje. Wengine hutazama bei. Lakini mbolea za chumvichumvi si kitu kimoja. Ziko za kupandia na ziko za kukuzia. Ukizibadilisha, fedha yako imepotea, na mahindi nayo yanaweza kuharibika.

Wewe umejifunza kusoma. Kisomo chako ndicho kinga yako dukani. Leo tusome pamoja jina moja tu: DAP.

Maana ya jina

DAP ni kifupi cha jina refu: dai-amonia fosfeti. Usitishwe na urefu wake. Tulikate vipande vitatu, kama tunavyokata muwa.

Kipande cha kwanza ni dai. Ni neno la Kigiriki, maana yake mbili.

Kipande cha pili ni amonia. Amonia unaijua, ila pengine hukujua jina lake. Ukiingia asubuhi katika zizi lililofungwa usiku kucha, harufu kali inayochoma pua na macho ndiyo amonia. Ndani yake mna naitrojeni. Naitrojeni ndiyo inayofanya majani yawe mengi na ya kijani.

Kipande cha tatu ni fosfeti. Hii ni fosforasi iliyoshikana na oksijeni. Fosfeti imo katika mifupa yetu na mifupa ya wanyama. Katika mmea, fosforasi husaidia mizizi kukua mapema na kwa nguvu.

Sasa unganisha. Dai-amonia fosfeti ni fosfeti moja iliyoshikwa na amonia mbili. Wataalamu huandika hivi: (NH₄)₂HPO₄. N ni naitrojeni, H ni haidrojeni, P ni fosforasi, O ni oksijeni. Ile 2 iliyo nje ya mabano ndiyo ile "dai", yaani mbili.

Huenda unajiuliza: kama ni fosfeti, mbona herufi ya mwisho ni P, si F? Ni kwa sababu kifupi hiki kimetoka katika Kiingereza. Huko neno fosfeti huandikwa kwa kuanza na P.

Namba tatu

Chini ya jina tazama tena. Utaona namba tatu: 18-46-0. Namba hizi hupangwa kwa utaratibu mmoja siku zote. Ya kwanza ni ya naitrojeni, herufi yake N. Ya pili ni ya fosforasi, herufi yake P. Ya tatu ni ya potasi, herufi yake K. Hiyo K imetoka katika jina la Kilatini, kaliamu, na asili yake ni neno la Kiarabu la majivu ya mimea. Potasi husaidia mmea kuwa imara na kujaza matunda na viazi.

Basi 18-46-0 maana yake ni hii. Katika kila kilo 100 za DAP, naitrojeni ni kilo 18. Fosforasi, ikipimwa pamoja na oksijeni iliyoshikana nayo, ni kilo 46. Potasi hakuna.

Mfuko wako ni wa kilo 50, yaani nusu ya 100. Kwa hiyo ndani yake mna kilo 9 za naitrojeni na kilo 23 za fosforasi ya kipimo hicho. Kilo zilizobaki si mchanga. Ni vitu vingine vilivyoshikana na virutubisho hivyo.

46 na 46 si sawa

Hapa ndipo watu wengi wanapopotea. Urea nayo ina namba 46. Lakini mfuko wake umeandikwa 46-0-0. Tazama nafasi. Katika urea, 46 iko mwanzo, kwa hiyo ni naitrojeni. Katika DAP, 46 iko katikati, kwa hiyo ni fosforasi.

Urea haina fosforasi hata kidogo. Ukiitumia kupandia, mizizi haipati fosforasi inayohitaji. Tena urea ikiwa udongoni hugeuka kuwa amonia. Ikiwa karibu na mbegu, huichoma. Unangoja mahindi yaote, yanaota machache, na mengine hayaoti kabisa.

Na ukifanya kinyume chake je? Ukimwaga DAP juu ya ardhi mahindi yakiwa yamefika magotini, sehemu kubwa ya fosforasi haitafika kwenye mizizi. Fosforasi haitembei sana udongoni. Hukaa pale pale ulipoiweka. Ndiyo maana huwekwa shimoni, wakati wa kupanda.

Kwa ufupi: DAP ni ya kupandia. Urea na CAN ni za kukuzia.

Mbolea hii hutengenezwa na nini?

DAP hutengenezwa kiwandani. Naitrojeni yake hutoka hewani. Hewa tunayovuta ina naitrojeni karibu asilimia 78, lakini mahindi hayawezi kuila hivyo hivyo. Wajerumani wawili, Fritz Haber na Carl Bosch, walivumbua njia ya kuigeuza kuwa amonia kwa joto na mgandamizo mkubwa. Kiwanda cha kwanza cha namna hiyo kilianza kazi Ujerumani mwaka 1913.

Fosfeti hutoka katika mawe yanayochimbwa ardhini. Nchi ya Moroko ina mawe hayo kwa wingi kuliko nchi nyingine yoyote. Hapa Tanzania tunayo huko Minjingu, karibu na Ziwa Manyara. Fosfeti ya Minjingu ilitokana na kinyesi na mifupa ya ndege wa majini walioishi pale zamani za kale. Kwa hiyo mkulima anayekusanya kinyesi cha kuku kwa ajili ya bustani yake anafuata njia ile ile.

Namna ya kuitumia katika mahindi

Chimba shimo. Weka DAP kiasi cha kisoda kimoja, yaani kifuniko kimoja cha chupa ya soda, bila kukifurisha. Hiyo ni karibu gramu 5. Funika mbolea kwa udongo kiasi cha upana wa vidole vitatu. Kisha weka mbegu, ufukie.

Kwa nini kuweka udongo katikati? Kumbuka jina lake: amonia mbili. DAP ikilowa hutoa amonia kidogo. Mbegu ikigusana na punje za mbolea inaweza kuungua. Mizizi ikishaota itaifuata mbolea yenyewe chini.

Tufanye hesabu. Ekari moja ina karibu meta za mraba 4,000. Ukipanda kwa nafasi ya sentimeta 75 kwa 60, mbegu mbili kila shimo, utapata mashimo karibu 9,000. Mfuko wa kilo 50 una gramu 50,000. Gawa kwa 9,000. Unapata gramu 5 na nusu hivi kila shimo. Basi mfuko mmoja unatosha ekari moja. Ukiona nusu ya mfuko imekwisha na umepanda robo ekari tu, jua mkono wako ni mzito.

Usisahau udongo

Mbolea zenye amonia zikitumiwa mwaka hadi mwaka peke yake, huongeza tindikali katika udongo. Shamba huchoka, na mbolea haionyeshi tena nguvu yake. Kwa hiyo endelea kutia samadi na mboji. Usichome mabua. Muombe bwana shamba au bibi shamba akusaidie udongo wako upimwe. Kama tindikali imezidi, chokaa ya kilimo inaweza kuhitajika.

Mahindi nayo husema. Yakiwa machanga na majani yakawa na rangi ya zambarau, mara nyingi fosforasi imepungua. Majani ya chini yakianza kuwa ya manjano toka nchani kufuata katikati ya jani, naitrojeni imepungua.

Hadhari

Rangi isikudanganye. Punje za DAP huweza kuwa za kijivu, za kahawia au nyeusi. Jina na namba ndivyo vya kuamini.

Weka mbolea mahali pakavu, mbali na watoto, chakula na mifugo. Urea ni nyeupe, na kwa haraka mtu anaweza kudhani ni chumvi au sukari. Usiitie kamwe katika kopo la jikoni. Ng'ombe au mbuzi akiila kwa wingi anaweza kufa.

Dukani

Sikiliza mazungumzo haya ya mfano.

Muuzaji: Karibu mama. Shikamoo.

Mama: Marahaba mwanangu. Nataka mbolea ya kupandia mahindi.

Muuzaji: Chukua hii mama. Ina nguvu, ina 46.

Mama: Ngoja kwanza nisome. Hapa pameandikwa 46-0-0. Hiyo 46 iko mwanzo. Hii si urea, ya kukuzia? Mimi nataka 18-46-0.

Muuzaji: Kweli mama. Ile iko nyuma, nakuletea.

Mama: Niletee mfuko ulioshonwa, usinifungulie. Na risiti uniandikie jina la mbolea.

Mama huyu hakugombana na mtu. Alisoma tu. Akaokoa fedha yake na msimu wake mzima. Kama kijijini kwako kuna mzee au jirani ambaye hajui kusoma, fuatana naye dukani. Msomee mfuko kabla hajatoa fedha mfukoni.

Maswali ya kuzungumza katika kikundi

1. Neno "dai" katika dai-amonia fosfeti lina maana gani?

2. Mfuko mmoja umeandikwa 18-46-0, mwingine 46-0-0. Upi ni wa kupandia? Umejuaje?

3. Kwa nini mbegu isigusane na DAP?

4. Mfuko wa urea wa kilo 50 una kilo ngapi za naitrojeni?

5. Nyumbani kwako mbolea inawekwa wapi? Je, mahali hapo ni salama?