Zuio la Muda: Kwa Nini Aliye na Haki Naye Atii

Tangu Juni 2022, kijiji cha Msomera, kata ya Misima wilayani Handeni, kimepokea familia zilizohamishwa kutoka Ngorongoro, na baadhi ya waliokuwa wakilima na kuchunga pale wamelalamika kwamba maeneo yao yamegawiwa wengine. Malalamiko kama hayo yakifika mahakamani, kesi ya ardhi huweza kuchukua miaka, ilhali msingi wa nyumba huchimbwa kwa siku moja. Pengo hilo ndilo linalozibwa na zuio la muda, yaani amri ya mahakama ya kusimamisha shughuli hadi kesi iamuliwe. Tangu shauri la Atilio dhidi ya Mbowe la 1969, mahakama zetu za Tanzania hutazama mambo matatu: kama kuna hoja ya msingi ya kuamuliwa, kama mwombaji atapata hasara isiyofidika, na ni nani ataumia zaidi zuio likitolewa au likinyimwa. Mshindi hatajwi hapo. Kwa hiyo adhabu ya kukaidi haimlindi hakimu na fahari yake. Inalinda kitu kinachogombaniwa ili hukumu isije ikakuta hakipo.

Ukaidi una gharama. Amri ya 37 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai inaruhusu mali za mkaidi zikamatwe, naye awekwe ndani kama mfungwa wa madai kwa muda usiozidi miezi 6. Sisi tulio ughaibuni na tunaojenga nyumbani tusijidanganye kwamba umbali unatukinga: zuio kwa kawaida humfunga mdaiwa pamoja na mawakala wake, na mpwa anayesimamia mafundi kwa pesa tunazotuma ni wakala.

Loliondo, kaskazini mwa Tanzania, inaonyesha kinachopotea amri isipotiiwa. Septemba 2018, Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki iliizuia serikali kuwaondoa wakazi wa vijiji vinne vya huko na kubomoa makazi yao hadi shauri lisikilizwe. Juni 2022, shauri likiwa bado mahakamani, vigingi vilisimikwa kuzunguka kilomita za mraba 1,500. Serikali ilisema inalinda hifadhi. Wanavijiji walisema amri imevunjwa. Septemba mwaka huo shauri lilitupwa, na Novemba 2023 majaji wa rufani wakaagiza lisikilizwe upya. Hata wanavijiji wakishinda, watarejea kwenye ardhi iliyokwisha kubadilishwa.

Yupo atakayesema kwamba zuio hutumiwa kuchelewesha, au kwamba hakimu naye hukosea. Ni kweli, na kwa mahakama za ndani Amri ya 37 imelitazama hilo: zuio hudumu kwa muda usiozidi miezi 6, na hata likiongezwa halivuki mwaka mmoja, tena aliyeumizwa anaweza kuomba liondolewe au lirekebishwe. Mwingine atasema ni ukatili kumfunga mkulima asiyejua sheria. Ndiyo sababu ni lazima ithibitike kwamba alikuwa na habari ya amri, na kwamba amri yenyewe ilieleweka. Lakini aliyeijua akaendelea kujenga amejipa hukumu kabla ya hakimu. Kama zuio limekosewa, simamisha mafundi leo, kisha mtume wakili akalipinge.