Je, Wajua? Kuzimu ya Mwindo na Moto wa Volkano

Je, wajua kwamba ukitoka Bihambwe na vilima vya Masisi ukaingia Walikale, umefika kwa Wanyanga, wenye masimulizi ya shujaa Mwindo? Mwaka 1956 msimulizi Rureke aliyaimba na kuyaigiza kwa siku 12, Daniel Biebuyck na wasaidizi wake wakiandika. Kitabu kilitoka 1969, na mshiriki wa Biebuyck alikuwa Mnyanga mwenyewe, Kahombo Mateene.

Je, wajua Mwindo alizaliwa ameshika usinga wa kichifu mkono wa kulia na tezo mkono wa kushoto? Mgongoni alikuwa na kifuko cha Kahombo, mungu wa bahati. Baba yake, Shemwindo, aliyetaka mabinti tu, alimfungia ndani ya ngoma akamtosa mtoni. Mtoto hakufa.

Baadaye baba ndiye aliyekimbia, akajificha kuzimu kwa mungu Muisa. Mwindo alimfuata hadi huko, akamkuta Kahindo, binti wa Muisa, mwili mzima buba. Akamwosha vidonda vyake. Kahindo akamwonya: ukikaribishwa kiti, usikae, ukipewa pombe, usinywe. Kwangu hapa ndipo penye uzito wote, maana binti huyu wa hadithini ndiye yuleyule Wanyanga waliyemtambikia majumbani mwao.

Je, wajua Wanyanga waliamini kwamba miungu na wahenga wao wanakaa chini ya ardhi, ndani ya vinywa vya volkano? Ulaya nako walisema hivyohivyo. Papa Gregori Mkuu, mwishoni mwa karne ya 6, aliandika kisa cha roho ya mfalme Theodoric kutupwa katika volkano ya visiwa vya Lipari. Karne ya 12 watawa wa Ulaya waliutaja mlima Hekla wa Iceland kuwa mlango wa jehanamu. Papa na msimulizi wa Walikale hawakujuana kamwe. Wote walitazama moto unaotoka ardhini wakauliza wafu wako wapi.

Je, wajua Mwindo aliadhibiwa? Alipomuua joka Kirimu, rafiki wa damu wa Nkuba, mungu wa radi, alipandishwa mbinguni mwaka mzima, akanyeshewa na kuunguzwa na jua. Alishushwa akiwa amekatazwa kuua mnyama yeyote.

Kama kwenu Masisi au Walikale yuko mzee anayeyajua masimulizi haya, mrekodi kwa simu wiki hii, na uandike jina lake.