Saa za Picha Siku ya Arusi

Dada yangu alipoolewa hapa Kigali, mimi nalipewa kazi ya kupanga saa za mpiga picha. Nalidhani ni kazi ndogo.

Kwanza tazameni kalenda. Jumamosi ya mwisho ya mwezi ni umuganda: tangu saa 2 mpaka saa 5 asubuhi watu wako katika kazi ya pamoja, na magari mengi husimama. Asubuhi hiyo msimwite mpiga picha.

Lakini shida yenyewe ni gusaba, yaani posa. Wazee wa pande mbili hushindana kwa maneno na mzaha juu ya ng'ombe, na bibi arusi hatoki mpaka wakubaliane. Mimi naliandika nusu saa. Wao walitumia saa mbili, na nani angethubutu kuwakatiza? Basi kanisani tulichelewa, na bustanini tulifika saa 12 jioni. Kwetu, karibu na ikweta, jua likizama giza halikawii. Nyanya nalikuwa nimemweka mwisho, kwa heshima. Katika picha yake huonekana mshanana mweupe tu, uso haupo.

Dada mdogo ataposwa Agosti, wakati wa kiangazi. Katika karatasi yangu mpya nyanya ni wa kwanza, kabla wazee hawajafungua kinywa.